Kifuko cha Betri: Historia ya Utando Uliotoka kwa Wafungashaji wa Chakula

Betri bapa iliyomo ndani ya simu nyingi za kisasa haina kopo la chuma. Imefungwa katika kifuko laini cha rangi ya fedha au nyeusi, ambacho ukuta wake mara nyingi una unene wa mikroni 113, yaani zaidi kidogo ya sehemu moja ya kumi ya milimita. Katika unene huo mna nailoni upande wa nje, karatasi ya alumini katikati na plastiki ya polipropilini upande wa ndani, pamoja na gundi na dawa zinazozishikamanisha. Kazi ya utando huu ni kuzuia unyevu usiingie na elektroliti isitoke kwa miaka mingi mfululizo. Historia yake imeandikwa kwa uchache kuliko ile ya kemikali za betri, ingawa kemikali hizo zisingetoka kiwandani bila ya ukuta wa kuzilinda. Waliouunda utando huo, kwa sehemu kubwa, hawakuwa mafundi wa umeme. Walikuwa wafungashaji wa chakula, watengenezaji wa karatasi ya alumini na wapiga chapa.

Karatasi ya alumini ndiyo kongwe kati ya sehemu zake. Hadi mwanzoni mwa karne ya 20, chokoleti ya Ulaya ilifungwa kwa karatasi ya bati, iliyokuwa ghali. Mwaka 1910 Robert Victor Neher alipata hataza nchini Uswisi ya njia ya kupitisha alumini kati ya rola mfululizo hadi iwe nyembamba kama karatasi, na kiwanda chake kikaanza kazi Emmishofen, karibu na Kreuzlingen. Mwaka uliofuata kampuni ya Tobler ya mjini Bern ilianza kuitumia kufungia chokoleti. Plastiki zilifuata moja baada ya nyingine: polithini mwaka 1933 katika maabara ya ICI huko Winnington, Uingereza, nailoni mwaka 1935 katika maabara ya DuPont chini ya Wallace Carothers, na polipropilini imara mwaka 1954 nchini Italia kwa kazi ya Giulio Natta.

Kila kimoja kati ya vitu hivyo kina upungufu wake. Alumini haipitishi mvuke wa maji mradi haina tundu, lakini huchanika upesi na haiwezi kuzibwa kwa pasi ya moto. Polipropilini huyeyuka na kushikana yenyewe kwa yenyewe, lakini mvuke huipenya polepole. Nailoni ni ngumu kuchanika na huvutika vizuri, lakini hunywa maji. Vikibandikwa pamoja, kimoja husitiri udhaifu wa mwenzake. Ugumu wote, tangu siku hizo hadi leo, umekuwa katika kuvibandika visiachane.

Miongoni mwa waliohitaji utando wa namna hiyo mapema walikuwa wanajeshi. Kopo la chakula ni zito, huchukua nafasi likiwa tupu sawa na likiwa limejaa, na askari akiangukia juu yake huumia. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1950, maabara ya jeshi la Marekani huko Natick, Massachusetts, ilishirikiana na kampuni za ufungashaji, ikiwemo Reynolds Metals, kutafuta kifuko ambacho chakula kingeweza kutiwa, kuzibwa na kupikwa humo humo kwa mvuke wa karibu nyuzi 121 za Selsiasi ili vijidudu vyote vife. Gundi za kawaida ziliachia katika joto hilo. Ilichukua miaka mingi ya majaribio kupata zilizostahimili, na mlo wa askari uliofungwa katika vifuko hivyo uliingia rasmi jeshini mwanzoni mwa miaka ya 1980.

Japani ilitangulia kuvipeleka sokoni. Februari 1968 kampuni ya Otsuka ilianza kuuza mchuzi wa kari uliokwisha pikwa, kwa jina la Bon Curry, katika eneo la Osaka na Kobe. Kundi la kampuni za Otsuka lilikuwa na uzoefu wa kutengeneza dripu za hospitali, na ujuzi wa kuzitakasa dripu kwa mvuke ndio uliohamishiwa kwenye mchuzi. Kifuko cha kwanza kilikuwa cha plastiki tupu iliyopitisha mwanga. Mwanga na hewa viliharibu ladha, na mchuzi ulidumu miezi miwili au mitatu tu. Mwaka 1969 Otsuka iliongeza tabaka la alumini, muda wa kukaa bila kuharibika ukafikia miaka miwili, na bidhaa ikaanza kuuzwa nchi nzima. Mabadiliko hayo ya mwaka mmoja yanastahili nafasi kubwa katika historia hii, kwa sababu yaliipa Japani soko pana la vifuko vya plastiki na alumini. Viwanda vya huko vikapata sababu ya kila siku ya kuboresha gundi, rola na mashine za kuziba, na vilifanya hivyo kwa zaidi ya miaka 20 kabla ya mtu yeyote kuviomba kifuko cha betri ya lithiamu-ioni.

Mmoja wa waliopata ujuzi huo ni Dai Nippon Printing, kampuni iliyoanza mwaka 1876 jijini Tokyo kama kiwanda cha kupiga chapa kwa jina la Shueisha. Upigaji chapa na ubandikaji wa tando ni kazi za jamaa moja: zote mbili huhitaji kupitisha utando mrefu juu ya rola kwa kasi na kuupaka kitu chembamba kwa usawa, bila mkunjo wala vumbi. Ndiyo sababu kampuni ya vitabu na majarida iliingia katika vifungashio katikati ya karne ya 20, na hatimaye ikawa miongoni mwa watengenezaji wakubwa kabisa wa utando wa betri duniani. Mwenzake katika safari hiyo alikuwa Showa Denko, kampuni ya kemikali na alumini, ambayo kitengo chake cha vifungashio sasa ni sehemu ya Resonac.

Sony ilipoanza kuuza betri za lithiamu-ioni mwaka 1991, hazikuwa za kifuko. Betri zilikuwa za mviringo, katika makopo ya chuma. Baadaye yalikuja makopo bapa ya alumini, ambayo Afrika Mashariki inayajua vizuri kupitia betri ya Nokia BL-5C iliyotumika katika simu ndogo na baadaye katika redio nyingi. Kopo lilifanya kazi mbili kwa pamoja: lilizuia unyevu, na lilibana elektrodi na kitenganishi kilicho kati yake visiachane. Kazi hiyo ya pili ndiyo iliyolifanya lionekane la lazima. Betri bapa isiyo na kopo ilikuwa imekwisha kuwepo, kwani tangu mwaka 1972 kila pakiti ya filamu ya kamera ya Polaroid SX-70 ilikuja na betri nyembamba ya volti 6 ndani yake. Lakini hiyo ilikuwa ya zinki, yenye maji ndani yake, na unyevu wa hewa haukuwa adui kwake.

Walioondoa ulazima wa kopo ni kundi la watafiti wa kampuni ya Bellcore huko Red Bank, New Jersey, wakiwemo Jean-Marie Tarascon na Antoni Gozdz. Katika nusu ya kwanza ya miaka ya 1990 walitengeneza betri ambayo elektrodi na kitenganishi vilichanganywa na plastiki maalumu yenye florini, vikabandikwa kwa joto hadi vikawa kipande kimoja, kisha vikanyweshwa elektroliti. Hataza muhimu ilitolewa mwaka 1994. Kwa kuwa matabaka ya betri yalikuwa yameshikana yenyewe, hapakuwa tena na haja ya kopo la kuyabana. Kilichobaki ni kuzuia unyevu, na kazi hiyo ingeweza kufanywa na utando.

Hatua iliyofuata ilikuwa kugundua kwamba hata plastiki ile ya kushikamanisha si lazima. Kifuko kikizibwa hewa ikiwa imenyonywa yote, uzito wa hewa ya nje hukandamiza kila sentimita ya mraba kwa nguvu inayolingana na uzito wa kilo moja hivi. Nguvu hiyo yatosha kushikilia elektrodi pamoja, hata elektroliti ikiwa ya maji-maji kama ilivyo ndani ya kopo. Ndiyo maana betri nyingi zinazouzwa kwa jina la polima, yaani plastiki, zina elektroliti ya kawaida ndani yake. Kilichobaki kutoka ndoto ya miaka ya 1990 ya betri ya plastiki ni kifuko.

Lakini kifuko cha mchuzi hakikuweza kuchukuliwa kama kilivyo. Mchuzi hukaa mwaka mmoja au miwili na haudhuru gundi sana. Elektroliti ya betri ni chumvi ya lithiamu yenye fosforasi na florini, iliyoyeyushwa katika viyeyusho kama ethilini kaboneti na dimethili kaboneti. Viyeyusho hivyo hupenya polipropilini polepole, hufika kwenye gundi na kuilainisha. Chumvi nayo ikikutana na maji, hata kidogo sana, huvunjika na kutoa asidi ya haidrofloriki, inayokula alumini. Asidi hiyo ikifika kwenye uso wa alumini, polipropilini hubanduka kama ganda, na kuanzia hapo kifuko hakina ulinzi. Kwa hofu ya jambo hili, betri hujazwa katika vyumba ambavyo hewa yake ni kavu kiasi kwamba umande hautokei mpaka joto lishuke chini ya nyuzi 40 chini ya sifuri.

Jibu la watengenezaji lilianzia kwenye uso wa alumini. Upande unaoelekea ndani ulipakwa dawa ya krome, nyembamba mno, inayozuia ulikaji na kuipa gundi mahali pa kushika. Krome ya aina yenye sumu kali ilipowekewa mipaka na sheria za Ulaya zilizoanza kutumika Julai 2006, viwanda vilihamia aina zisizo na madhara hayo. Kuhusu kubandika polipropilini, zilitokea njia mbili. Dai Nippon ilijulikana kwa ile ya joto: plastiki iliyobadilishwa kwa asidi humwagwa ikiwa imeyeyuka kati ya alumini na polipropilini, na hakuna gundi ya maji-maji upande wa ndani. Showa Denko ilijulikana kwa ile ya gundi: gundi hupakwa, kiyeyusho chake hukaushwa, kisha tando hubanwa pamoja na rola. Ya kwanza hustahimili elektroliti vizuri zaidi. Ya pili huiacha alumini ikiwa laini zaidi, kwa hiyo hufinyangwa kwa kina kirefu. Wanunuzi wa betri za magari na wale wa simu walichagua kwa kuzingatia tofauti hiyo.

Ufinyanzi wenyewe ni kipimo kikali cha utando. Betri haiingii katika karatasi bapa. Utando huwekwa juu ya kalibu na kusukumwa kwa chuma, bila joto, hadi ufanye umbo la sahani yenye kina cha milimita kadhaa. Kwenye kona alumini huvutwa pande zote kwa wakati mmoja, na hapo ndipo hupasuka au kutoboka matundu yasiyoonekana kwa macho. Nailoni ya nje iliwekwa kwa ajili ya saa hiyo: hugawanya mvutano ili usijikusanye mahali pamoja, mradi iwe imevutwa kwa usawa katika pande zote wakati wa kutengenezwa. Alumini nayo si ile ya jikoni. Ni aloi yenye chuma kidogo, iliyolainishwa kwa joto, yenye unene wa mikroni 35 hadi 40, kwa sababu karatasi nyembamba kuliko hapo huanza kuwa na vitundu tangu inapotoka kwenye rola.

Ukingo ndio mlango uliobaki wazi. Katikati ya kifuko, unyevu hukutana na alumini na kukoma. Pembeni, mahali ambapo tando mbili zimezibwa kwa pasi ya karibu nyuzi 180 hadi 200, kuna mstari mwembamba wa plastiki tupu, na mvuke wa maji hupita humo mwaka baada ya mwaka. Kupunguza unene wa polipropilini na kuongeza upana wa ukingo hupunguza mvuke, lakini ukingo mpana hula nafasi, na polipropilini nyembamba mno huhatarisha jambo jingine. Ikiyeyuka kupita kiasi pale ambapo ndimi za shaba na alumini zinazopitisha umeme zinatokeza nje, alumini ya kifuko inaweza kugusana kiumeme na ncha hasi. Elektroliti ikiifikia alumini hiyo kupitia ufa wowote, lithiamu huingia ndani yake, hutengeneza aloi tepetepe, na kifuko hutoboka kutokea ndani. Betri kama hiyo huweza kupita vipimo vyote vya kiwandani na kuharibika miezi kadhaa baadaye. Ni kwa sababu hiyo kila ulimi huvikwa kwanza kipande chake cha plastiki kabla ya kuzibwa.

Betri za kwanza za kifuko zilitoka mwishoni mwa miaka ya 1990. Mwaka 1999 Sony ilianza kuuza betri zake za polima, na mwaka huo huo Ericsson ikatoa simu ya T28, iliyopatikana pia na betri nyembamba ya aina hiyo. iPod ya kwanza ya Apple, Oktoba 2001, nayo ilikuwa na betri ya kifuko. Mwaka 1999 ndipo pia ilipoanzishwa kampuni ya betri ya ATL huko Hong Kong, na Robin Zeng akiwa miongoni mwa waanzilishi. Walinunua leseni ya teknolojia ya Marekani, wakakuta betri walizotengeneza kwa maelekezo yake zinavimba baada ya kuchajiwa mara kadhaa. Kopo la chuma lingeificha gesi hiyo. Kifuko hakifichi kitu. Waliponea kwa kubadilisha mchanganyiko wa elektroliti, na kampuni hiyo, iliyonunuliwa na TDK ya Japani mwaka 2005, ikawa mtengenezaji mkubwa wa betri za simu. Zeng baadaye alianzisha CATL, inayoongoza leo katika betri za magari.

Tatizo la gesi lilizingatiwa pia katika utengenezaji wenyewe. Chaji ya kwanza ya kila betri hutoa gesi isiyoepukika, kwa hiyo kifuko hukatwa kikiwa kikubwa kuliko kinavyohitajika, na sehemu ya ziada pembeni. Gesi hukusanyika humo, sehemu hiyo hutobolewa na gesi hunyonywa, kisha kifuko huzibwa upya na kipande kile hukatwa na kutupwa. Kila betri ya simu ya aina hii imewahi kuwa na mfuko huo wa pili.

Kutoka simu, kifuko kilihamia kwenye magari. Nissan Leaf ya Desemba 2010 ilikuwa na seli 192 za kifuko, zenye uwezo wa jumla wa kilowati-saa 24. Chevrolet Volt ya mwaka huo ilikuwa na seli 288 za LG Chem. Utando wa magari ni mnene zaidi, mikroni 150 na ushei, kwa kuwa gari hudai miaka kumi au zaidi na barabara hutikisa. Leaf zilifika pia Afrika Mashariki: kuanzia mwaka 2018 teksi za NopeaRide jijini Nairobi zilikuwa za aina hiyo.

Mkasa unaojulikana zaidi wa kifuko ni wa Samsung Galaxy Note 7 ya mwaka 2016, iliyorudishwa na wanunuzi baada ya kadhaa kushika moto na hatimaye kuacha kutengenezwa kabisa. Tarehe 23 Januari 2017 Samsung ilitoa maelezo: katika betri za mtengenezaji wa kwanza, kifuko hakikuacha nafasi ya kutosha kwenye kona ya juu upande wa kulia, na elektrodi hasi ikapinda. Zile za mtengenezaji wa pili zilikuwa na kasoro nyingine, ya uchomeleaji. Kemikali ilikuwa ile ile iliyotumika katika mamilioni ya simu salama. Katika kundi la kwanza, mapungufu ya umbo la kona moja ya utando yalitosha kuiangusha simu iliyotarajiwa kuongoza soko.

Kwa miaka mingi sehemu kubwa ya utando huu ilitoka Japani, hata kwa viwanda vya Korea Kusini na China. Julai 2019 Japani ilipoweka vizuizi vya kuiuzia Korea Kusini malighafi tatu za vifaa vya elektroniki, utando wa betri haukuwa kwenye orodha, lakini viwanda vya Korea viliona hatari iliyo mbele. Mmoja wa walioingia kwa nguvu ni Youlchon Chemical, kampuni ya kundi la Nongshim, inayotengeneza vifungashio vya tambi za papo kwa papo. Mwaka 2022 ilipata mkataba wa kuiuzia utando Ultium Cells, ubia wa General Motors na LG. Nchini China iliyoinuka ni kampuni ya Zijiang ya Shanghai, ambayo biashara yake ya awali ilikuwa chupa za vinywaji. Mkondo ni ule ule ulioanzia Osaka na Kobe mwaka 1968, na haukuwa wa bahati: anayejua kuziba mamilioni ya pakiti bila moja kuvuja ndiye aliye karibu zaidi na kazi hii.

Kifuko hakijashinda kila mahali. Katika magari, makopo bapa ya alumini yamekipita, hasa nchini China; betri ya Blade ya BYD, iliyotoka mwaka 2020, ni kopo refu la alumini linalosaidia kubeba uzito wa gari, jambo ambalo kifuko hakiwezi. Kifuko pia hakina kizibo cha usalama. Gesi ikizidi, hutoka popote ukingo utakapoachia kwanza. Katika simu, saa na kompyuta za mkononi, ambako kila milimita ina thamani, bado kinatumika sana. Na mwisho wa maisha yake unabaki kuwa mgumu: matabaka yaliyobandikwa ili yasiachane kamwe hayaachani kwa urahisi hata kwenye kiwanda cha kurejeleza, na kuipata alumini yake ikiwa safi ni kazi ya gharama.

Kifuko kilichovimba ni dalili kwamba gesi imezalishwa ndani na kwamba elektrodi hazibanwi tena ipasavyo. Kukitoboa ili kishuke hakurudishi chochote: huingiza unyevu kwenye chumvi inayozaa asidi, na ncha ya kisu inaweza kuunganisha elektrodi mbili na kuwasha viyeyusho. Simu yenye betri ya namna hiyo izimwe, isichajiwe tena, na betri itolewe na fundi bila kupindwa wala kuchomwa.